Kazi ya Marehemu

Kijana wa ofisi ya usajili, Loris,
ana kipini sikioni na mafua,
ananiuliza kazi ya marehemu.
Namwambia: sensale.
Anaandika, anafuta. Kompyuta yake hailijui.
"Mfanyabiashara?" Hakuwa na cha kuuza.
"Wakala?" Wa nani?
Babu hakuwa wa mtu; hiyo ndiyo iliyokuwa kazi.

Neno hili, wanasema, lilizaliwa Uajemi,
Waarabu wakalilea,
mabaharia wakalishusha Jenova pamoja na pilipili,
nalo likapanda vilima vyetu kwa miguu
hadi soko la ng'ombe la Montevaro,
limechakaa, lina tope magotini.
Hapo likamkuta Ermete Boasso,
ambaye gumba lake lilivunjwa na fahali,
likamwambia: wewe.

Alhamisi alfajiri, mvuke ukitoka
vinywani mwa ng'ombe na mwa watu,
alisimama katikati.
Muuzaji anatazama kanisa, mnunuzi anatazama barabara,
kila mmoja ameshaapa kwa mamaye.
Babu anamnong'oneza huyu,
anamnong'oneza yule mengine kabisa.
(Ana ndimi mbili, walisema watu.
Na masikio mawili, alijibu, hayo mbona hamyahesabu?)
Kisha anaukamata mkono wa huyu,
anauvuta kama avutaye ndama tumboni mwa mamaye,
anaukamata wa yule,
anaikutanisha, pa!
na wake juu, lile gumba bovu likiwa muhuri.
Karatasi hakuna.
Anayerudi nyuma baada ya hapo
hanunui hata kuku katika bonde lile.
Asilimia mbili kwa huyu, mbili kwa yule:
mkono mtupu haulambwi.

Nyumbani neno lilivaa nguo nyingine.
Divai iliyotiwa maji, bibi Delfina aliiita sensale.
Mlango kati ya jiko na zizi,
uliopitisha joto la ng'ombe kuja kwetu
na harufu ya supu kwenda kwao: sensale.
Mimi nilipowapatanisha binamu zangu juu ya baiskeli
nikabaki nayo siku nzima,
bibi alicheka hadi akakaa chini: sensale!
Lakini mtu akikuambia una uso wa sensale
usishukuru.
Ni uso unaocheka kabla bei haijatajwa.

Alioza watu pia. Wawili kati yao
humtumia kuku kila Pasaka.
Wengine wawili humtumia salamu
zisizoandikika katika fomu hii.

Ila kinyozi hajinyoi.
Yeye na Secondo, nduguye wa tumbo moja,
hawakusemezana miaka thelathini na mmoja
kwa sababu ya mlozi uliosimama mpakani.
Nani angesimama kati ya sensale na nduguye?

Secondo alikuja hospitali Februari, kofia mkononi,
akakaa upande wa dirisha, hakuvua koti.
Nikaukamata mkono wake, mgumu kama gome.
Nikaukamata wa babu, mwepesi, umetobolewa na sindano.
Nikaikutanisha.
Haikulia.
"Mti wenyewe," akasema Secondo akitazama ukuta,
"ulikufa kwa ile baridi ya themanini na tano."
"Najua," akasema babu. "Kuni zake
zilikuwa mbichi."
Hayo tu. Asilimia yangu sijui ilikuwa nini.

Foleni nyuma yangu inakohoa.
"Kuna Mengineyo," anasema Loris. "Niweke Mengineyo?"
Nasema sitaki.
Anasema mashine haitaki jingine.
Nasema basi, mashine ichukue Mengineyo,
nawe uandike neno langu pembeni, kwa kalamu.
"Kwa kalamu hairuhusiwi."
"Kwa penseli je?"
Anapiga chafya. Nampa leso.
Anatazama mlango wa bosi wake, anaandika
herufi saba, ndogo, zilizolala upande.

Kisha ananyoosha mkono juu ya kaunta.
Nami, bila kufikiri, naupokea, nautikisa.
"Stempu, mama," anasema. "Yuro kumi na sita."